Siku Tatu za Kambi Uluru: Mwongozo kwa Anayekwenda Mara ya Kwanza

Tangu nirudi mara ya pili kutoka Uluru, ule mwamba mkubwa wa jangwani katikati ya Australia, simu yangu haitulii. Maswali ni yale yale: bado tunaruhusiwa kupanda ule mwamba? Jangwani kuna baridi kweli? Tunalala wapi? Na nyoka? Nimewajibu watu wa Nairobi, wa Dar es Salaam, na majirani zangu Wakongomani hapa Melbourne, kila mmoja kivyake. Sasa naandika yote mahali pamoja.

Safari ninayoieleza ni ya siku 3 na usiku 2, pamoja na mwongozaji, kuanzia mji wa Alice Springs ulio katikati ya Australia. Mnapita Uluru, kuba za mawe za Kata Tjuta na korongo la Kings Canyon, kisha mnarudi mlikoanzia. Kampuni nyingi hufuata mzunguko huu au unaokaribiana nao, ila hupishana siku ya kufika kila mahali.

Nianze na swali la kwanza la kila mtu. Hakuna kupanda. Njia ya kupandia Uluru ilifungwa moja kwa moja tarehe 26 Oktoba 2019, miaka 34 kamili tangu ardhi ile irudishwe kwa wenyewe, Anangu, tarehe 26 Oktoba 1985. Kwa miaka mingi walikuwa wakiwaomba wageni wasipande, na wageni wakapanda tu. Kama picha uliyo nayo kichwani ni wewe umesimama kileleni, ibadilishe kabla hujalipa nauli. Uluru huzungukwa kwa miguu, na mambo yenyewe yako huko chini: mapango yenye michoro, dimbwi la maji chini ya ukuta wa jiwe, na alama ambazo wenyeji wanazisoma kama sisi tunavyosoma kitabu.

Unachohitaji kabla ya kuanza

Visa kwanza. Mwenye pasi ya Kenya, Tanzania, Uganda au Kongo lazima awe na visa ya utalii ya Australia, inayoombwa mtandaoni. Iombe miezi kadhaa kabla, na usilipie kambi isiyorudisha pesa kabla hujaipata.

Kisha tafuta vitu hivi:

- Chupa za maji zenye ujazo wa lita 3 kwa jumla. Chupa moja ya nusu lita haikufikishi popote.
- Viatu vya kufunga vyenye soli inayoshika, ambavyo umeshavivaa wiki kadhaa. Kiatu kipya kitakuchubua siku ya kwanza.
- Kofia pana na losheni ya kuzuia jua. Ndiyo, hata wewe mwenye ngozi nyeusi. Jua la kule halichagui.
- Neti ya kichwani ya kuzuia nzi. Watu huidharau, kisha huinunua njiani kwa bei ya juu.
- Tochi ya kichwani, kwa ajili ya kwenda chooni usiku.
- Mfuko wa kulalia. Kampuni nyingi hukodisha. Uliza ni wa kiwango gani cha baridi.
- Kwa Juni hadi Agosti: koti zito, kofia ya sufu, soksi nene na nguo za ndani za joto.
- Plagi ya Australia, yenye pini bapa zilizoinama. Ile ya pini tatu nene tuliyoizoea Afrika Mashariki haiingii.
- Begi laini. Masanduku magumu yanasumbua kwenye trela.
- Tiketi ya kuingia hifadhi ya Uluru-Kata Tjuta. Nilipolipa mimi ilikuwa dola 38 za Australia kwa mtu mzima kwa siku 3, na walio chini ya miaka 18 walikuwa bure. Hakikisha kama imeingizwa kwenye bei ya safari au utalipa mwenyewe.

Hatua kwa hatua

1. Chagua mwezi kabla ya kuchagua kampuni. Mei hadi Septemba mchana unatembea bila kuteseka, ila usiku wa Juni, Julai na Agosti baridi inaweza kushuka chini ya sifuri. Desemba hadi Februari joto hupita nyuzi 40, na njia kadhaa za miguu hufungwa kabla ya saa sita mchana. Mimi nimekwenda Julai na nimekwenda Desemba. Nenda Julai. Baridi ina dawa yake, ni koti. Jua la Desemba linakufungia nusu ya ulichokuja kukitazama.

   Ukishapata mwezi, iulize kila kampuni maswali manne: tunalala kwenye hema au kwenye swagi, yaani godoro la turubai linalotandazwa nje? Tutatembea kilomita ngapi kila siku? Chakula cha asiyekula nguruwe kipo? Na je, kuna muda wa kuongozwa na mtu wa Anangu mwenyewe, au tutasimuliwa na dereva tu? Hilo la mwisho linapima safari nzima.

2. Pita ukaguzi wa uwanja wa ndege bila kuficha kitu. Australia inalinda mimea na wanyama wake kwa ukali. Dagaa, korosho, viungo, asali, kinyago, kikapu, ngoma ya ngozi: vyote viandike kwenye fomu. Ukiviandika, mara nyingi huangaliwa ukarudishiwa, au huchukuliwa basi. Ukivificha vikaonekana, faini yake ni kubwa. Osha soli za viatu kabla ya safari, maana udongo uliogandia nao ni kosa.

3. Fika Alice Springs siku moja kabla. Mji huu kwa jina la wenyewe, Waarrernte, ni Mparntwe. Basi la safari hupita kuchukua watu alfajiri, na ndege ikichelewa halikusubiri. Nunua maji na vitafunwa hapa, maana mbele kila kitu ni ghali.

   Tahadhari ndogo iliyowahi kumponza rafiki yangu: ukiambiwa "saa kumi na mbili" kwa Kiingereza, kule ni mchana au usiku wa manane. Basi la saa 12 asubuhi yetu, wao wanaliita la saa sita. Andika muda kwa tarakimu na uulize tena. Majira ya huko yako mbele ya Afrika Mashariki kwa saa 6 na nusu.

4. Siku ya kwanza, ikubali barabara. Kutoka Alice Springs hadi Uluru ni kama kilomita 450 za lami. Mnashuka kusini kilomita 200 hadi kituo cha Erldunda, kisha mnakata magharibi. Usilale njia nzima. Udongo unabadilika ukawa mwekundu kama tofali, kwa sababu ya chuma kilichomo ndani yake kinachopata kutu, na unaweza kuona ngamia porini. Hao ni uzao wa ngamia walioletwa karne ya 19 pamoja na wachungaji wao, wengi wao Waislamu kutoka nchi ambazo leo ni Afghanistan, Pakistan na India. Ndio waliobeba mizigo ya jangwa hili kabla ya reli.

   Njiani utaona mlima mkubwa bapa upande wa kushoto, na basi zima litatoa simu. Tulia. Huo ni Attila, kwa ramani Mount Conner. Uluru bado.

5. Ukifika, anzia kituo cha utamaduni, si kwenye mwamba. Ukiingia nyumba ya mtu unapiga hodi, na kile kituo ndicho mlango. Ndani hupigi picha. Utajifunza neno moja linalobeba mengine yote: Tjukurpa. Wengine hulifasiri kuwa ni ndoto au ngano, na wote wawili wamekosea. Tjukurpa ni habari za wahenga walioumba nchi, na papo hapo ni sheria: nani amwoe nani, maji yapo wapi, mnyama gani aliwe na nani na wakati gani. Neno Anangu lenyewe maana yake ni watu. Lugha zao hapa ni Kipitjantjatjara na Kiyankunytjatjara. Shika maneno machache: *palya* ni salamu, ni asante, na ni kwaheri, *uwa* ni ndiyo, *wiya* ni hapana, *kapi* ni maji.

   Ukitaka kununua kinyago au mchoro, nunua hapa kwa Maruku Arts, ambayo ni mali ya Anangu wenyewe. Vitu vya bei rahisi vya madukani mjini mara nyingi havikupita mikononi mwa mwenyeji yeyote.

6. Tembea chini ya mwamba, polepole. Mzunguko mzima ni kilomita 10.6, saa 3 hadi 4. Mwamba una urefu wa mita 348 kutoka ardhini, lakini tarakimu hiyo haikuandai kwa chochote. Ukiwa mbali unaonekana laini. Ukisogea unakuta mikunjo, mashimo na mifereji iliyochongwa na maji, na kila mmoja una jina.

   Kama hamna muda wa mzunguko wote, chagueni vipande viwili. Cha kwanza ni njia ya Mala, kilomita 2 kwenda na kurudi. Mala ni aina ya kangaruu mdogo, na pia ni wahenga waliokuja kutoka kaskazini kufanya sherehe yao, *inma*. Wakiwa katikati ya sherehe wakaalikwa kwenye sherehe ya watu wengine, wakakataa, kwa kuwa yao ilikwisha kuanza. Waliokataliwa wakaumba jibwa la kutisha, Kurpany, wakalituma. Mapango waliyokaa wazee, wanawake na vijana yako pale pale, na michoro ukutani.

   Kipande cha pili ni Kuniya, njia fupi ya kwenda dimbwi la Mutitjulu. Kuniya ni chatu jike aliyetoka mashariki akiwa amevaa mayai yake shingoni. Mpwa wake akachomwa mikuki na Liru, nyoka wenye sumu. Shangazi akaja kwa uchungu, akampiga shujaa mmoja wa Liru kwa fimbo yake ya kuchimbia, mara mbili. Mwongozaji atakuonyesha nyufa mbili ukutani. Nilipoziona mara ya kwanza mama mmoja wa Anangu alikuwa akisimulia kwa lugha yake na binti akitafsiri, na alipofika kwenye pigo la pili akanyamaza kidogo, kama mtu anayetaja msiba wa nyumbani kwake. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba sisikilizi hadithi ya watalii.

   Makosa ya hapa: Kuna sehemu za mwamba zenye mabango yanayokataza kupiga picha. Yaheshimu, hata kama mwongozaji yuko mbali. Alama zilizoko pale ni kama maandiko matakatifu, na hutakiwa kuonwa papo hapo tu, na mtu anayestahili kuziona. Usirushe droni. Usiwapige watu picha bila ruhusa. Usimhoji mzee maswali mfululizo; wanayoyanyamazia wameyanyamazia kwa sababu. Mambo mengine ni ya wanaume peke yao, mengine ya wanawake, na sisi tuliotoka kwenye jamii zenye unyago na jando hatuhitaji kuelezwa hilo mara mbili.

7. Lala kwenye swagi kama inavyotakiwa. Kulala ndani ya hifadhi hairuhusiwi, hivyo kambi huwa Yulara, mji mdogo wa watalii kama kilomita 20 kutoka kwenye mwamba, au mbali zaidi. Swagi ni godoro jembamba lililoshonewa ndani ya turubai zito lenye zipu. Hakuna hema juu yako. Fanya hivi:

   Tandaza mahali tambarare, mbali na vichaka na mashimo. Ingiza mfuko wa kulalia ndani ya turubai. Badilisha nguo zote ulizotembea nazo, hata soksi, kwa sababu jasho kidogo tu linageuka barafu usiku. Vaa kofia. Viatu viingize ndani ya swagi, upande wa miguu. Dingo, mbwa mwitu wa kule, huiba kiatu kimoja akaenda nacho, na nge hupenda kulala ndani ya kilichoachwa nje. Chakula chote kifungiwe kwenye gari. Kisha funika uso kwa ile turubai ya juu.

   Mimi usiku wa kwanza wa Julai nililala na jinzi niliyotembea nayo, na sikufumba jicho. Usiku wa pili nilifuata niliyoyaandika hapo juu, nikalala hadi nikaamshwa.

   Ukiamshwa Julai, kama saa 11 na nusu alfajiri, kabla ya kulalamika tazama anga la kaskazini mashariki. Zile nyota ndogo zilizobanana ni Kilimia. Wazee wetu walipangia kilimo kwazo: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Anangu wanaziita Kungkarangkalpa, dada saba wanaomkimbia Wati Nyiru, mwanamume anayewafuatia hadi leo katika nyota za Orion, nyuma yao. Nilimweleza mwongozaji wetu maana ya Kilimia, na tukasimama pale tukinywa chai, kila mmoja akimwonyesha mwenzake nyota zile zile.

8. Siku ya pili, Kata Tjuta. Iko kama kilomita 50 kwa barabara kutoka Yulara. Jina maana yake ni vichwa vingi: kuba 36 za mawe, ndefu kuliko zote mita 546 kutoka ardhini, yaani inaipita Uluru kwa karibu mita 200. Njia ya Bonde la Upepo ni kilomita 7.4, ina mawe yanayoteleza na vipande vya kupanda. Joto likitabiriwa kufika nyuzi 36, inafungwa kuanzia mahali pa kutazamia pa Karu, kwa hiyo wahini asubuhi. Asiyeweza aende korongo la Walpa, kilomita 2.6 kwenda na kurudi.

   Usishangae mwongozaji akikosa hadithi hapa. Kata Tjuta iko chini ya sheria ya wanaume wa Anangu, na haisimuliwi kwa wageni. Tembea tu.

   Mchana mnaendesha kama kilomita 300 kwenda Kings Canyon. Njiani mwongozaji atasimama mahali panaporuhusiwa mkusanye kuni za mulga, mti wa jangwani, ambazo moto wake ni mkali na unadumu. Ndani ya hifadhi kuni haziokotwi. Jioni, kama una bahati, mtaoka mkate ndani ya chungu cha chuma kilichofukiwa kwenye makaa. Huliwa moto, na asali.

9. Siku ya tatu, Kings Canyon. Hii ni nchi ya Waluritja, hifadhi ya Watarrka. Mzunguko wa ukingoni ni kilomita 6, saa 3 hadi 4, na mateso yote yako mwanzoni: ngazi za mawe kama 500 zinazopanda moja kwa moja. Panda taratibu, pumzika kila unapohitaji, ukifika juu umemaliza. Njia inakwenda upande mmoja, kama mshale wa saa. Katikati mnashuka kwenye dimbwi lenye mimea ya kijani liitwalo Bustani ya Edeni.

   Onyo: ukingo hauna uzio, na ukuta unashuka zaidi ya mita 100. Jiwe la mchanga huvunjika. Kaa mbali na ukingo, na usirudi kinyumenyume ukitafuta picha. Siku za joto kali, ukichelewa kuanza, hamruhusiwi kuingia.

   Baada ya hapo ni barabara ndefu hadi Alice Springs, mnafika jioni. Usipange ndege ya usiku huo.

Ukikwama

*Kichwa kinauma na mkojo umekuwa wa rangi ya chai.* Umekosa maji. Kaa kivulini, kunywa kidogo kidogo, kula kitu chenye chumvi, mwambie mwongozaji. Siku ya joto hesabu lita moja kwa kila saa ya kutembea, na unywe kabla ya kiu.

*Nzi wananiingia mdomoni.* Vaa neti. Upepo ukivuma na jua likizama wataondoka wenyewe.

*Simu haina mtandao.* Ni kawaida. Nje ya Yulara na vituo vya barabarani usitegemee. Waage nyumbani kabla, uwaambie utapatikana siku ya tatu jioni.

*Nimeachwa na kundi.* Baki kwenye njia. Usikate porini kutafuta njia fupi. Ndani ya hifadhi kuna redio za dharura kwenye njia kuu. Bonyeza na ueleze ulipo.

*Nimeona nyoka.* Simama, mwache apite. Mtu akiumwa, usikate jeraha wala usifyonze. Mlaze, asitembee, fungeni kiungo chote kwa bendeji ya kukaza, piga 000 au tumieni simu ya setilaiti ya mwongozaji.

*Mvua imenyesha.* Usinung'unike. Maporomoko yanashuka kwenye mifereji ya Uluru, mwamba unageuka rangi ya zambarau, na wengi hawajawahi kuiona hali hiyo.

*Swala.* Kibla kutoka Uluru ni magharibi, ukielemea kaskazini kidogo. Mwambie mwongozaji siku ya kwanza. Magari husimama mara kwa mara, na mchanga safi upo kila mahali.

*Nimefika nyumbani nikakuta jiwe jekundu kwenye begi la mtoto.* Lirudishe. Ofisi ya hifadhi hupokea vifurushi vya mawe na mchanga kutoka duniani kote, vingi vikiwa na barua za kuomba radhi. Lifunge vizuri, andika liliokotwa wapi kama unakumbuka, na ulitume kwa posta.